Mama Nadine Hajaambiwa

Ejnar amekufa, na aliyeniandikia kunipa habari hiyo ni binti yake, ambaye sijawahi kumtia machoni. Aliandika kwa Kiingereza kikavu: baba alifariki hospitalini mwezi wa pili, tumeshamzika, katika vitu vyake kuna video za Texas zenye jina lako, je, unaweza kututafsiria wanayosema watu wa humo? Niliisoma barua hiyo nikiwa jikoni, wali uko motoni. Mtu wa kwetu angeanza na salamu, angeuliza watoto, angesema mzee hali yake si nzuri, halafu angenizungusha mpaka ahakikishe nimekaa kitako. Huyu hakunizungusha. Nilizima jiko nikakaa mwenyewe. Sikulia. Nilikuwa na hasira na mtu ambaye siwezi tena kumgombeza, na nilishinda nayo siku nzima, nikaishia kumfokea binti yangu kwa sababu ya soksi.

Ya ukoo wangu na ya namna nilivyofika Marekani nayaacha, hayahusiki hapa. Mwaka 2018 nilikuwa na miaka ishirini na nne, nimepanga Euless, karibu na uwanja wa ndege kiasi kwamba ndege zikipita vikombe vilitetemeka kabatini. Asubuhi nilifanya kazi katika jiko linalopika chakula cha abiria, nafunika sahani hadi vidole vinakufa ganzi. Jioni nilikuwa mkalimani wa jengo zima. Majirani zangu wengi walikuwa Warundi waliopitia makambi ya Tanzania, Kiswahili chao cha Kigoma na changu cha Unguja, tunachekana lafudhi na tunaelewana. Mwenye barua ya shule, hodi kwa Zuhura. Mwenye miadi ya daktari, hodi kwa Zuhura. Ejnar naye alikwenda parokiani kutafuta mtu wa kumfasiria kwa Warundi Wakatoliki, na wao bila kusita wakamwelekeza kwa Mwislamu.

Alikuwa mzee wa miaka sabini na kitu, mrefu, mabega yameinama, na koti jepesi la mvua alilolivaa hata siku ambazo lami ilikuwa inanata. Alikuwa mwongozaji wa filamu kutoka Denmark, na kwao, kwa muda fulani, alikuwa mtu mkubwa. Habari zake nilizipata vipande vipande, garini na mezani, kwa sababu akiwa na kamera hasemi na akiwa hana hanyamazi. Alizaliwa katika mji mdogo wa bandari, na baba yake alifanya kazi katika kiwanda cha saruji. Siku moja, Ejnar akiwa na miaka kumi na sita, msimamizi wa kiwanda alikuja nyumbani mchana, akavua kofia, akasimama jikoni akiizungusha mikononi. Mama yake Ejnar alikuwa anamenya viazi. Alimkaribisha mgeni kiti, akaendelea kumenya, akamuuliza kama mvua itanyesha. Ejnar aliiona ile kofia mkononi akajua baba yake amekufa. Mama yake alikuwa hajajua. "Uso wake ulikuwa mzuri kuliko siku zote," aliniambia, "na mimi ndiye niliyekuwa nautazama." Alipofika miaka ishirini na saba akaitengeneza filamu yake ya kwanza kutokana na hayo, mwanamke jikoni, picha moja ndefu isiyokatwa, watazamaji wanajua na yeye hajui. Ikapata tuzo. Magazeti yakamwandika, akaitwa huku na huku. Baada ya hapo alitengeneza filamu kumi na moja, na katika kila moja alimtafuta mwanamke yule yule, mpaka watu wakachoka. Akafanya matangazo ya maziwa na ya bima. Akaoa, akaachwa, akaoa tena, akaachwa tena. Mwishowe akasema waigizaji wote ni waongo kwa sababu wameshasoma karatasi, wanajua yatakayowapata, na akaanza kufuata watu wa kweli na maisha yao. Televisheni ya kwao ikampa fungu dogo aje kutengeneza filamu kuhusu watu wanaofua mashuka ya hoteli za Amerika. Hakuwa na msaidizi. Mimi nilikuwa mkalimani, dereva na mchaji betri.

Mtu aliyemchagua kwa filamu alikuwa Mama Nadine, jirani yangu wa ghorofa ya pili, aliyefua mashuka katika hoteli moja ya Dallas. Nadine ni binti yake, wakati ule yuko mwaka wa mwisho wa sekondari, anaulizwa kwa Kiswahili anajibu kwa Kiingereza. Ejnar aliingia katika nyumba ile mwezi wa tatu na hakutoka mpaka mwezi wa kumi. Nayakumbuka yale makochi yaliyofunikwa vitambaa vya kushonwa kwa mkono, kalenda ya parokia, deli la mchele nyuma ya mlango, na Ejnar amejibana pembeni ya friji, kamera begani, anangoja ndege ipite ili sauti iwe safi. Hakumwomba mtu kurudia jambo hata mara moja. Pia hakuzima alipoombwa kuzima. Akijibu hilo alisema kamera haina adabu, mwenye adabu ni yeye, na atachagua baadaye cha kuonyesha. Mimi nililitafsiri neno hilo kwa Kiswahili kizuri zaidi kuliko alivyolisema yeye. Kazi ya mkalimani ni pamoja na kuwapendezesha watu, na hilo ni kosa langu la kwanza ambalo sikulihesabu.

Aliyemweza Ejnar alikuwa Baba Nadine. Mtu mfupi, mcheshi, mgonjwa wa presha asiyependa vidonge, anafanya kazi katika ghala la mizigo na anarudi nyumbani na utani mpya kila siku. Jumapili ya kwanza tuliandaliwa ugali, maharage na sombe, majani ya muhogo ya kutwanga. Ejnar akainua kamera. Baba Nadine akaweka mikono mapajani.

"Zuhura, muulize huyu mzee, kwao hawali?"

"Anasema endeleeni, atakula baadaye."

"Baadaye lini? Mwambie mimi mke wangu ame-cook tangu asubuhi. Mtu anayetazama wenzake wakila, kijijini kwetu tulimwita mchawi. Mwambie hivyo hivyo, usimpunguzie."

Nilimpunguzia kidogo. Ejnar akacheka, akaweka kamera sakafuni, na hiyo ndiyo mara pekee niliyoona akiiweka chini kwa kuambiwa. Alikula akaungua kidole kwa maharage, Baba Nadine akamshika mkono akamfundisha kufinyanga tonge. Toka siku hiyo wakawa marafiki wasioelewana neno hata moja. Baba Nadine alizungumza Kiswahili, Ejnar Kidenishi, wamekaa roshanini wanatazama matumbo ya ndege, na hawakuniita nifasiri. Mimi nilifurahi. Nilidhani mzee ameshakuwa mtu wa nyumbani.

Mwezi wa kumi Mama Nadine alipata siku tatu za mapumziko akaenda Houston kumwona dada yake, ambaye walipotezana kambini na hawakuonana tena hadi wote wawili walipokuwa Texas. Ejnar alilitaka sana hilo. Tulikwenda watatu kwa gari langu, Ijumaa. Dada mtu alikaa kusini-magharibi ya mji, nyumba ya chini, na mezani kulikuwa na samaki mkubwa wa kukaanga na ndizi za nazi alizojifunza kupika kwa jirani Mkongomani. Dada hao wawili walilala kitanda kimoja na kutwa nzima walisukana nywele, wakisimuliana watu waliokufa na walio hai kwa sauti ile ile. Jumapili baada ya misa, karibu saa sita mchana, mimi nikiwa nafunga mabegi, simu yangu ikalia. Alikuwa Mzee Leonidas, mwenyekiti wa jumuiya ya Warundi pale Euless.

"Binti, uko na Mama Nadine hapo?"

"Yuko sebuleni."

"Toka nje kidogo."

Nilipotoka nje nilikuwa nimeshajua, maana hakuna anayeambiwa atoke nje kwa habari njema. Baba Nadine alianguka sebuleni akivaa tai ya kwenda kanisani. Hakufika hospitali. Mzee Leonidas alinieleza polepole, kisha akanipa maagizo, kama wanavyopewa wote walio karibu na mfiwa: Mama asijue. Mwambie presha imempanda mumewe, amelazwa, anamwita. Mchukulie simu, watu wameshaanza kutuma pole kwenye WhatsApp. Dada yake mwambieni pembeni, atafuata na gari jingine. Mleteni taratibu, sisi tunakusanyika, ataambiwa akiwa amekaa, ana watu wa kumshika. Nikasema sawa, mzee. Niliingia chooni, nikafungua bomba, nikasema inna lillahi kwa ndani ya mdomo, kwa sababu Mama Nadine si Mwislamu lakini maneno hayo aliyajua vizuri yanasemwa lini. Nikatoka nikamwambia uongo wangu nikimtazama usoni. Akafyonza kwa hasira. "Nilimwambia vidonge! Nilimwambia!" Nikasema nipe simu yako, Mama, nikuchajie njiani. Akanipa.

Sasa ndiyo kosa lenyewe. Ejnar aliuliza kwa nini tunaondoka mapema, na mimi nikamwambia. Nilimwambia kila kitu, kwa Kiingereza cha chini chini, pale kwenye buti ya gari. Ningeweza kumpa uongo ule ule niliompa mama. Haikunijia hata kichwani. Alikuwa mtu mzima mwenye mvi, amekula kwa marehemu miezi saba, na mimi katika malezi yangu yote sijapata kuona mtu mzima akiambiwa habari ya msiba asijue kwamba kuanzia hapo kazi yake ni kuificha. Niliona namwongeza mlinzi mmoja. Macho ya Ejnar yakajaa machozi, machozi ya kweli, hilo siwezi kumnyima. Kisha akafungua mlango wa mbele, akakaa kinyume, mgongo kwenye dashibodi, akainua kamera akaielekeza kiti cha nyuma.

Kutoka Houston kwenda Dallas ni mwendo wa saa nne ukifuata barabara kuu. Mimi niliendesha. Mama Nadine alikuwa amemzoea Ejnar kiasi kwamba hakuiona tena kamera, akakaa akazungumza nami kupitia kioo. Kwanza alimsema mumewe, chumvi anayoila, vidonge anavyovificha ndani ya viatu vya kazi. Kisha hasira ikaisha akaanza kusimulia walivyojuana kambini. Yeye alikuwa msichana anayepanga foleni ya maji tangu alfajiri, na kila siku alikuta kijana mfupi amemwekea dumu lake mbele, halafu anakana. "Eti si mimi! Dumu limekuja lenyewe! Miezi mitatu anakana, Zuhura. Nikamwambia, basi nenda useme kwa baba yangu kwamba dumu linataka kuoa." Akacheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya kitenge. Mimi nilicheka naye. Simu yake niliilaza kifudifudi mapajani, na ikawa inatetemeka, inatetemeka, pole juu ya pole. Pembeni yangu Ejnar alikuwa anapumua kwa mdomo. Nilimtazama mara moja tu. Alikuwa na sura ya mtu aliyefika alikokuwa anakwenda.

Tulisimama katikati ya safari kwenye kituo kikubwa cha mafuta. Mama Nadine akaingia ndani kutununulia maji. Nilimfuata Ejnar upande wa pili wa gari.

"Iweke chini," nikamwambia. "Tafadhali. Mimi nakuomba."

"Siwezi."

"Yule alikuwa rafiki yako."

"Ndiyo maana siwezi." Akafuta kioo cha lenzi kwa shati. "Unafikiri mimi namdanganya. Mimi sijamdanganya, sijasema neno. Wewe ndiye umeshika simu yake."

 Kwa Kiswahili ningekuwa na jibu, ningemwambia kwamba uongo wangu ulikuwa mkeka tunaomtandikia mtu kabla hajaanguka, na kwamba ukweli wake yeye haumshiki mtu mkono. Kwa Kiingereza nilifungua mdomo nikafunga. Kisha akanyoosha kiganja. "Betri." Ile iliyokuwa ndani ilikuwa imekwisha. Nyingine mbili, zimejaa, zilikuwa katika begi langu begani, nilizichaji mwenyewe usiku wa kuamkia siku ile. Nimelirudia jambo hili kichwani mara nyingi kuliko jambo jingine lolote la ujana wangu. Ningesema zimebaki Houston. Ningezitupa pipani. Ningekataa tu. Lakini alikuwa mzee, alikuwa mwajiri wangu, Mama Nadine alikuwa anatoka dukani na chupa tatu za maji akitabasamu, na mkono wa mtu mzima ukinyooshwa mimi nilifunzwa kuujaza. Nikampa.

Tulifika Euless karibu saa kumi na moja, jua bado kali. Watu walikuwa wameegesha magari mbali, kwenye maduka ya ng'ambo, ili asiyaone, hilo walilifikiria. Walilolisahau ni viatu. Mama Nadine alipanda ngazi mbele yetu, ameshika mfuko wa ndizi kutoka kwa dada yake, akafika ngazi ya katikati akasimama. Juu pale, mbele ya mlango wake, roshani nzima ilikuwa viatu: kandambili, viatu vya kanisani, buti za ghala, vya watoto. Akaviangalia. Bila kugeuka akaniuliza, "Zuhura, mgonjwa mmoja anatazamwa na watu wote hawa?"  Ejnar alinipita pembeni, amebana ukuta, akatangulia ngazi mbili ili aupate uso. Mlango ukafunguka, Mzee Leonidas akatoka haraka, mikono mbele, na Mama Nadine akamalizia ngazi, akavua viatu vyake, akavipanga sawasawa pembeni ya vingine. Wanawake wakamwingiza ndani. Mmoja wao akamtazama Ejnar, hakumtukana, akamfungia mlango usoni tu. Mimi niliingia. Yeye alibaki nje na viatu na ile sauti ya ndani, na sikutoka kumwangalia mpaka giza.

Hakuja mazishini. Baada ya wiki aliondoka, akaniachia bahasha ya mshahara wangu na karatasi yenye neno moja la samahani. Nikangoja filamu mwaka huo, na mwaka uliofuata, na wakati wa korona nilipokuwa sina kazi nilikuwa nalitafuta jina lake kwenye mtandao nikiogopa kulipata. Hakuna kilichotoka. Binti yake anasema katika barua kwamba mzee alizipanga zile video, akaandika juu yake majina yetu, na hakuzikata wala hakumwonyesha mtu. Alilitafuta jambo lile tangu ujana wake, akalipata kwenye gari langu, akaliweka ndani ya boksi. Kwa nini, hakuandika, na mimi simpi sifa ya toba nisiyoijua.

Nilimpelekea Mama Nadine kompyuta yenye video hizo, alizonitumia binti yule, Cedar Hill, anakokaa na Nadine ambaye sasa ni muuguzi. Nilikwenda kuomba ruhusa, au kuomba akatae. Aliniwekea chai na maandazi kama kawaida. Nilipomaliza kueleza aliniongezea chai.

"Ulinichukulia simu, ukasema unaichaji."

"Ndiyo, Mama."

"Hilo nimelisamehe siku ile ile. Kuficha ni desturi, hata mimi nimewaficha wengine. Lakini kumwambia yule." Akasukuma kikombe. "Mume wangu amekufa, na mzungu anajua kabla yangu. Hilo bado linaniuma, mwanangu. Nisikudanganye."

"Nisamehe, Mama."

"Fungua hiyo kitu nione."

Tukaitazama. Alijitazama bila kupepesa, mwanamke mwenye nywele mpya zilizosukwa na dada yake, mikono inakwenda hewani, anachekea habari za dumu. Nilijiandaa kumshika. Picha zilipokaribia Dallas, majengo yakaanza kuonekana dirishani nyuma yake, akaniwekea kiganja mkononi.

"Simamisha. Mbele ya hapo sitaki. Waambie watu wa Denmark wachukue mpaka hapo tu."

Ilinibidi nimwambie ukweli, kwamba sina uwezo huo, kwamba video ni ya binti yule na yeye ataamua, kwamba naweza kuandika barua na kuomba, basi. Aliitika kwa kichwa, hakushangaa. "Basi nirudishie mwanzo," akasema. "Hapo bado nina mume."

Nikarudisha. Nikarudisha tena na mara ya tatu. Akavuta kiti chake karibu, magoti yanagusa meza. Kwenye kioo cha kompyuta Mama Nadine wa Houston aliinama mbele, akanigonga bega nikiwa kwenye usukani. "Kanyaga mafuta, mwanangu, una-drive kama bibi harusi! Mtu ananingoja." Na Mama Nadine aliye kando yangu, macho hayatoki kwenye picha, akanishika mkono kwa nguvu akasema, "Polepole, Zuhura. Polepole."